Maswali na majibu: Vittorio Gassman, mwigizaji wa jukwaa, filamu na televisheni

Mwezi uliopita safu hii ilipojibu swali kuhusu vichekesho vya filamu za Italia, jina la Vittorio Gassman lilitajwa mara moja tu, na barua zilizofuata zimeonyesha kwamba hiyo mara moja haikutosha. Baadhi ya walioandika wamemwona katika filamu mbili tatu na wanataka kujua alitoka wapi. Wengine wamelisikia jina lake bila kuona hata filamu moja. Nimechagua maswali yanayogusa hatua mbalimbali za kazi yake, ambayo ilianza wakati Vita Kuu ya Pili ya Dunia vikiendelea na ikafika karibu na kifo chake mwaka 2000.

Gassman si jina la Kiitalia. Alikuwa mtu wa wapi, na alijifunza uigizaji kwa nani? (Msomaji wa Morogoro)

Alikuwa Mwitalia, mzaliwa wa Genova, tarehe 1 Septemba 1922. Baba yake alikuwa mhandisi wa Kijerumani na mama yake Mwitalia wa asili ya Kiyahudi. Jina la ukoo liliandikwa kwa n mbili mwishoni, naye akaiacha moja. Alikulia Roma, akafiwa na baba akiwa bado kijana, na ni mama aliyemhimiza ajaribu uigizaji wakati yeye mwenyewe alikuwa anavutiwa zaidi na mpira wa kikapu, mchezo alioucheza kwa kiwango cha juu alipokuwa mwanafunzi. Nautaja mchezo huo kwa sababu unaonekana katika kazi yake yote: mtu mrefu, mwepesi wa miguu, anayejua mwili wake uko wapi kila sekunde.

Alisoma katika chuo cha taifa cha maigizo mjini Roma, Accademia Nazionale d'Arte Drammatica, kilichoanzishwa na mhakiki Silvio D'Amico katika miaka ya 1930. Kabla ya chuo hicho, waigizaji wengi wa Italia walizaliwa ndani ya kampuni za maigizo zilizosafiri mji hadi mji, wakaurithi ufundi kwa wazazi wao pamoja na mazoea yake yote, mazuri na mabaya. D'Amico alitaka mwigizaji aliyesoma, anayeijua historia ya tamthilia na anayeweza kulichambua andiko kabla ya kulisema. Gassman ni zao la mawazo hayo. Hata hivyo, alipoingia katika kazi ya kulipwa huko Milano, katika kampuni ya Alda Borelli, alikutana na ule utamaduni wa zamani wa waigizaji wakubwa wenye sauti inayotikisa ukumbi, na hakuukataa. Kwa maoni yangu, mgongano huo kati ya msomi na mwigizaji wa kizamani ndio uliompa nguvu kwa zaidi ya miaka 50.

Nimesoma kwamba yeye na Marcello Mastroianni walikuwa pamoja jukwaani kabla hawajapata umaarufu wa filamu. Ni kweli? (Msomaji wa Nairobi)

Ni kweli. Mwishoni mwa miaka ya 1940 wote wawili walikuwa chini ya Luchino Visconti, ambaye wapenzi wa filamu wanamjua kama mwongozaji wa filamu lakini ambaye wakati huo alikuwa anayageuza maigizo ya Italia kuanzia mizizi. Mwaka 1949 Visconti alipopandisha jukwaani mjini Roma tamthilia ya Tennessee Williams, A Streetcar Named Desire, Gassman alikuwa Stanley Kowalski, yule mume mkali, na Mastroianni akawa Mitch, mchumba mpole na mwenye haya. Mgawanyo huo wa nafasi unaeleza mengi, kwa sababu katika miaka iliyofuata Italia iliendelea kuwaona hivyo: Gassman ndiye anayeingia chumbani na kukijaza, Mastroianni ndiye anayesubiri mpaka mtazamaji amfuate.

Kama alikuwa na sura na sauti ya namna hiyo, kwa nini hakudumu Hollywood? (Msomaji wa Dar es Salaam)

Alijaribu. Filamu iliyomtambulisha nje ya Italia ilikuwa Riso amaro ya Giuseppe De Santis, ya mwaka 1949, inayohusu wanawake wanaopandikiza mpunga katika mashamba ya kaskazini. Humo yeye ni tapeli mzuri wa sura anayemharibia maisha Silvana Mangano. Mwaka 1952 alimwoa mwigizaji wa Marekani Shelley Winters, akaingia mkataba na studio ya Metro-Goldwyn-Mayer, na kwa miaka michache akaonekana katika filamu kadhaa, mojawapo ikiwa Rhapsody ya 1954 pamoja na Elizabeth Taylor. Ndoa ilivunjika mwaka huo huo wa 1954.

Hollywood ilikuwa na kabati moja tu la nguo kwa mwanamume kutoka nchi za Kilatini mwenye umbo zuri, nalo ni lile la mpenzi mwenye siri au mhuni anayevutia. Mtu ambaye mwaka 1952 alikuwa nyumbani akiicheza Hamlet nzima bila kupunguzwa, katika kampuni aliyoiunda na mwongozaji Luigi Squarzina, asingeweza kukaa ndani ya kabati hilo kwa muda mrefu. Alirudi, na sidhani kwamba Italia ilipoteza chochote kwa kurudi kwake.

Ilikuwaje mwigizaji wa Shakespeare na tanzia za Kigiriki akawa nyota wa vichekesho? (Msomaji wa Mombasa)

Hili ndilo swali ambalo nimelifurahia kuliko yote, na naomba nafasi ya kulijibu kwa urefu.

Mpaka mwaka 1958, Gassman katika filamu alikuwa karibu kila mara mtu mbaya au mpenzi baridi. Uso wake ulikuwa umenyooka mno, paji pana, pua ya sanamu, na kamera ilimfanya aonekane mwenye kiburi hata pale aliponyamaza. Mario Monicelli, alipokuwa anaandaa I soliti ignoti, hadithi ya wezi fukara wa Roma wanaopanga kuvunja kasiki kwa ufundi wasiokuwa nao, alimtaka Gassman kwa nafasi ya Peppe, bondia aliyeshindwa. Watayarishaji walisita, kwa kuwa hakuna aliyekuwa amemwona mtu huyo akichekesha. Monicelli akashikilia msimamo wake, na uso wa Gassman ukafanyiwa kazi: nywele zikashushwa ili paji liwe dogo, pua ikabadilishwa umbo, na mhusika akapewa kigugumizi.

Ukiitazama filamu hiyo leo, angalia jinsi kigugumizi kilivyojengwa. Peppe ni mtu anayependa kuzungumza kwa fahari, anaanza sentensi kubwa ya mtu anayejua mambo, kisha silabi moja inamkwama na heshima yote aliyoijenga inaporomoka mbele ya wenzake. Kucheza hivyo kunahitaji mwigizaji anayejua kwanza namna sentensi kubwa inavyopaswa kusikika, maana asiyeweza kuisema vizuri hawezi kuivunja mahali panapostahili. Kwa hiyo siamini kabisa maelezo yanayorudiwa mara kwa mara kwamba Gassman aliyaacha maigizo makubwa akashuka kwenye vichekesho. Alichukua kila alichojifunza katika tanzia za Mwitalia Alfieri na za Shakespeare, yaani pumzi, mkazo, ishara ya mkono, na kukitia ndani ya watu wadogo wanaojiona wakubwa.

Mwaka uliofuata, 1959, Monicelli huyo huyo alimweka pamoja na Alberto Sordi katika La grande guerra, kuhusu askari wawili waoga wa Vita Kuu ya Kwanza, mmoja wa Milano na mwingine wa Roma, ambao kazi yao kubwa ni kuikwepa hatari. Filamu hiyo ilishinda Simba wa Dhahabu katika tamasha la Venezia, ikigawana tuzo na filamu ya Roberto Rossellini. Tukio ambalo mwoga wa Gassman anatukanwa na ofisa wa adui, na ule ulimi wake wa utani ukageuka ghafla kuwa ukaidi wa mtu aliyeguswa utu wake, ni mahali ambapo mwigizaji wa tanzia na mwigizaji wa vichekesho wanakuwa mtu mmoja. Miaka saba baadaye, katika L'armata Brancaleone, alikwenda mbali zaidi: akawa shujaa wa enzi za kati mwenye farasi wa manjano na kundi la maskini nyuma yake, akinguruma kwa Kiitalia cha kale kilichotungwa na waandishi wa filamu, huku kila vita akishindwa.

Je, ni kweli kwamba aliwahi kucheza Othello na adui yake Iago katika maonyesho yale yale? (Msomaji wa Zanzibar)

Ni kweli, ila kwa kubadilishana usiku hadi usiku. Katikati ya miaka ya 1950 yeye na Salvo Randone, mwigizaji mwingine mkubwa wa jukwaa la Italia, waliicheza Othello kwa makubaliano kwamba leo mmoja ni Othello na mwingine Iago, kesho wanageuzana. Watazamaji wengine walirudi mara ya pili ili kulinganisha. Mbali na mzigo wa kukariri nafasi mbili ndefu, kazi ilikuwa kuusahau kila usiku mtazamo wa jana, kwani Iago akianza kumwonea huruma Othello kwa sababu jana alikuwa ndani ya ngozi yake, tamthilia imekufa. Lazima niseme pia kwamba, kama ilivyokuwa desturi Ulaya siku hizo, nafasi ya Mwafrika ilichezwa na Mzungu, jambo ambalo msomaji wa leo ana haki ya kulikataa hata anapousifu ufundi.

Jukwaa halikuwa kwake hatua ya kupitia kuelekea filamu. Mwaka 1960, akiwa tayari nyota, aliunda kampuni ya Teatro Popolare Italiano na kupeleka tamthilia ya Manzoni, Adelchi, chini ya hema kubwa kama la sarakasi, ili wafikiwe watu ambao hawakuwa na mazoea ya kuingia katika kumbi zenye viti vya mahameli. Mwishoni mwa miaka ya 1970 alianzisha shule ya uigizaji mjini Firenze, Bottega Teatrale, na mwaka 1992, akiwa na miaka karibu 70, alisimama mjini Genova alikozaliwa akimcheza Kapteni Ahab, mwindaji wa nyangumi mweupe.

Nimeitazama Il sorpasso kwa sababu ya sifa zake, lakini nimeona watu wawili tu wakizunguka kwa gari. Nimekosa nini? (Msomaji wa Kisumu)

Hujakosa hadithi, kwa maana hadithi ni hiyo hiyo. Ni siku ya sikukuu ya Agosti 15, Roma imebaki tupu, na Bruno Cortona, mwanamume wa makamo mwenye gari la wazi aina ya Lancia Aurelia, anatafuta simu na sigara. Anamkuta Roberto, mwanafunzi wa sheria aliyebaki nyumbani kusoma, anayechezwa na Mfaransa Jean-Louis Trintignant, na kumchukua katika safari ya kuelekea kaskazini kwa barabara ya Aurelia inayofuata pwani. Dino Risi aliitengeneza mwaka 1962, wakati Italia ilikuwa katika ukuaji wa uchumi wa kasi isiyowahi kuonekana: magari, majokofu, likizo za ufukweni, madeni ya mikopo. Bruno ndiye wakati huo wenyewe uliovaa shati. Anapiga honi, anampita kila mtu, anakula bila kulipa, hana kesho.

Sasa rudia kutazama sehemu mbili. Ya kwanza ni nyumba ya ndugu zake Roberto shambani, mahali ambapo kijana huyo amepakumbuka maisha yake yote kama pepo ya utotoni. Bruno anakaa humo muda mfupi tu, anatazama nyuso, na anamwonyesha siri za familia ambazo zilikuwa wazi mbele ya macho yake siku zote. Hapo unaona kwamba huyu mpiga kelele ana jicho kali. Ya pili ni Castiglioncello, anapofika kwa mke aliyetengana naye na binti yake, anayechezwa na Catherine Spaak. Mtu aliyekuwa mkubwa barabarani anakuwa mdogo pale. Mkewe anamjua, binti yake amemzidi busara, na mizaha yake inaanguka chini bila kuokotwa. Gassman anaendelea kutabasamu, lakini tabasamu linachelewa kidogo kufika. Alikuwa na miaka 40, na naamini hakuna mahali pengine katika filamu ambapo alitoa zaidi kwa kuonyesha kidogo. Mwisho wa safari sitautaja kwa ajili ya wasiouona, ila nasema kwamba umeandaliwa tangu honi ya kwanza.

Katika filamu za Kiitalia za zamani midomo na sauti havilingani. Je, ile ni sauti yake kweli? (Msomaji wa Bujumbura)

Kwa Gassman, katika filamu zake kubwa za Kiitalia, ndiyo. Unachokiona kinatokana na mtindo wa kazi: kwa miaka mingi baada ya vita, filamu za Italia zilipigwa bila kutegemea sauti ya pale pale, na sauti zote zikaingizwa baadaye studioni. Hilo liliruhusu waongozaji kutumia waigizaji wa mataifa mbalimbali, kila mmoja akisema lugha yake, na liliruhusu pia sauti ya mtu kubadilishwa kabisa. Trintignant katika Il sorpasso anasemewa na mwigizaji wa Kiitalia, na Claudia Cardinale, aliyekulia Tunis, alisemewa katika I soliti ignoti. Wasomaji waliozoea filamu za kigeni zilizowekewa sauti ya Kiswahili wanajua jinsi sauti mpya inavyoweza kumjenga mhusika au kumbomoa.

Gassman naye aliwahi kuazima sauti yake. Mwaka 1994, katika toleo la Kiitalia la katuni ya The Lion King, ambayo wengi wetu tunaikumbuka kwa maneno yake ya Kiswahili, sauti ya mfalme Mufasa ni ya kwake. Nawashauri wanaoweza kuipata waisikilize hata kama hawajui Kiitalia.

Alifanya nini kwenye televisheni? (Msomaji wa Dodoma)

Televisheni ya Italia, RAI, ilianza matangazo ya kawaida mwaka 1954, na miaka mitano baadaye ikampa Gassman kipindi chake, Il mattatore, jina wanaloitwa waigizaji wanaolitawala jukwaa mpaka wengine wasionekane. Humo aliigiza vipande vya tamthilia, akawadhihaki watu wa aina mbalimbali, akasoma mashairi, akabadilisha sura na lafudhi, na familia ambazo zisingenunua tiketi ya kuona Hamlet zikamjua kwa jina. Lakabu hiyo ilimganda hadi kufa.

Uzeeni alirudi kwa namna mbili zilizo mbali sana. Alirekodi visomo vya mashairi ya Dante kwa uzito wote unaostahili, na katika kipindi cha vichekesho cha miaka ya 1990 alisoma kwa sauti ile ile maandishi ya kila siku kama vile bili za nyumbani, bila kutabasamu hata kidogo. Nchi nzima ilicheka, na wakati huo huo ikafundishwa kwamba usomaji ni ufundi.

Filamu ya Kimarekani Scent of a Woman inasemekana ilitoka kwake. Ipi ni bora? (Msomaji wa Muscat)

Filamu ya mwanzo ni Profumo di donna, ya Risi, ya mwaka 1974, iliyotokana na riwaya ya Giovanni Arpino. Gassman ni Kapteni Fausto Consolo, aliyepoteza macho na mkono mmoja jeshini, akisafiri kutoka Torino hadi Napoli na askari kijana aliyepewa jukumu la kumwongoza. Nafasi hiyo ilimpa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume huko Cannes mwaka 1975. Filamu ya Marekani ilitoka mwaka 1992 na kumpa Al Pacino Oscar.

Mimi nachagua ya Kiitalia bila kusita. Toleo la Marekani linampa mzee nafasi ya kuokoa kijana mbele ya hadhara na kupigiwa makofi, jambo linalomridhisha mtazamaji. Gassman hampi mtazamaji faraja hiyo. Kapteni wake ni mkorofi, anatukana wanaomsaidia, na kwa muda mrefu haombi huruma, kiasi kwamba woga wake unapojitokeza Napoli unamkuta mtazamaji hana ulinzi. Mwaka huo huo wa 1974 alikuwa pia katika C'eravamo tanto amati ya Ettore Scola, kama mpiganaji wa zamani dhidi ya Wanazi aliyeuza urafiki na mapenzi yake kwa utajiri. Nafasi mbili za namna hiyo ndani ya mwaka mmoja ni jambo la nadra kwa mwigizaji yeyote.

Ni kweli kwamba mtu mwenye nguvu namna ile aliugua sonona? (Msomaji aliyeomba mji wake usitajwe)

Ndiyo, na alizungumza juu yake waziwazi katika miaka ambayo wanaume wa umri wake walikuwa wanaficha ugonjwa huo. Vipindi vya giza vilimrudia katika nusu ya pili ya maisha yake, na hakudai kwamba kazi ilimponya. Aliendelea kufanya kazi kila alipoweza: La famiglia ya Scola mwaka 1987, inayofuata maisha ya mtu mmoja wa Roma mpaka anapotimiza miaka 80, nafasi ndogo ya mzee wa genge katika Sleepers, huko Marekani, mwaka 1996, Simba wa Dhahabu wa heshima kwa kazi yake yote, mwaka huo huo, na tuzo ya sanaa ya Príncipe de Asturias ya Hispania mwaka 1997. Alifariki Roma tarehe 29 Juni 2000 kwa ugonjwa wa moyo. Kwako wewe uliyeuliza, na unayeeleza katika barua yako kwamba swali linakuhusu, ninakuomba umwone daktari, kama yeye alivyofanya.

Alessandro Gassmann ninayemwona katika filamu za sasa ni yeye au mwanawe? (Msomaji wa Kampala)

Ni mwanawe, aliyezaliwa mwaka 1965 na mwigizaji wa Kifaransa Juliette Mayniel, naye ameirudisha ile n ya pili ambayo baba aliiacha. Vittorio alikuwa na watoto wanne kwa mama wanne: Paola, ambaye mama yake ni mwigizaji Nora Ricci na ambaye aliigiza jukwaani maisha yake yote hadi kifo chake mwaka 2024, Vittoria, binti wa Shelley Winters, Alessandro, na Jacopo, mwana wa Diletta D'Andrea, ambaye ni mwongozaji wa maigizo. Leo Gassmann, mwimbaji aliyeshinda kundi la vijana katika tamasha la Sanremo mwaka 2020, ni mtoto wa Alessandro.